Keki ya Kosa

Katika ofisi ya programu za kompyuta ya Regitze Mølgaard, ng'ambo ya ghuba pale Nørresundby, kaskazini mwa Denmark, aliyeharibu alileta keki. Hiyo ndiyo ilikuwa sheria, na hakuna aliyekumbuka nani aliitunga. Ukiangusha tovuti ya mteja, ukifuta majina ya watu, ukituma ujumbe wa majaribio kwa wazee wa wilaya nzima badala ya kujitumia mwenyewe, kesho yake unaingia na keki mkononi, unaiweka kwenye meza ya jikoni, unasimama. Kisu hakiguswi mpaka umesimulia. Ulitaka kufanya nini, ukafanya nini, uligunduaje, umetengenezaje. Watu wanakucheka, wanakuuliza maswali, wanakutania mpaka masikio yanakuwa mekundu. Kisha mnakula na kahawa, na mambo yamekwisha.

Mgeni angedhani ni utoto. Haukuwa utoto hata kidogo. Waandishi wa programu ni watu wa ajabu: mtu atakaa siku tatu akihangaika na mistari minane ya msimbo wa kompyuta, lakini mwambie aandike ukurasa mmoja wa maelezo kwa ajili ya wenzake, utadhani umemwambia akachimbe kaburi lake. Kwa hiyo yale waliyoyajua kuhusu programu yao, hasa yale mabaya, hayakuandikwa popote. Waliyajua kwa kula.

Gunver Kjærsgaard alikuwa amekula keki hizo miaka kumi na minne, na ameoka zake kadhaa pia. Alikuwa mjane wa miaka hamsini na sita, mrefu, wa sauti ya chini, mwenye tabia ya kuvua miwani kabla ya kusema jambo la maana. Mumewe alikufa, mwanawe alihamia Perth, upande wa pili wa dunia, na hupiga simu Krismasi. Nyumbani Gunver alikunja nguo na kusikiliza redio. Ofisini alikuwa Gunver. Mtu asiyeelewa tofauti hiyo hajawahi kuishi peke yake Januari ya Denmark.

Kazi yao kubwa ilikuwa programu ya manispaa chache za kaskazini: mhudumu gani aende kwa mzee yupi, saa ngapi, kumpa dawa, kumwosha, kumvalisha soksi. Mzee akilazwa hospitali, programu inamtoa kwenye ratiba. Akiruhusiwa kurudi nyumbani, hospitali inatuma taarifa, karani wa manispaa anaithibitisha, na ratiba inaamka tena.

Hapo kwenye karani ndipo ilipotokea keki ya Asger. Asger Lynge alikuwa mtu wa Odense, mji wa kusini zaidi, mwenye kuongea kama anaimba, mchafu wa meza lakini msafi wa kazi. Miaka tisa nyuma, bibi mmoja alirudishwa nyumbani Jumatatu ya Pentekoste. Karani alikuwa kwenye kibanda chake cha mapumziko ufukweni, kama karani yeyote mwenye akili siku ya sikukuu, na programu ya Asger ikamsubiri karani kwa uaminifu wote. Hakuna mhudumu aliyekwenda. Jirani mwenye ufunguo ndiye aliyemkuta bibi sakafuni, ana kiu, hai. Kesho yake Asger alileta keki ya kwao, ile ya chachu iliyomwagiwa siagi na sukari ya kahawia mpaka inatiririka pembeni, akasimama, akasimulia. Safari ile hakuna aliyecheka sana. Akawaambia ameongeza mistari kumi na miwili: siku ya sikukuu, usimsubiri mtu yeyote, amsha ratiba papo hapo. Na juu ya mistari hiyo, badala ya maelezo, aliandika: "Usifute. Muulize Asger habari ya keki."

Hapo ndipo walipocheka. Gunver alikula vipande viwili.

* * *

Akili bandia ilipoingia ofisini, iliingia kwa adabu. Regitze aliiita Msaidizi, na mwanzoni ilisaidia kweli. Ilikamilisha mistari waliyoianza, ikakamata makosa ya kijinga, ikawaandikia hata yale maelezo waliyokuwa wakiyakimbia. Watu sita waliifurahia. Kisha wakawa wanne, kwa sababu kazi ya watu sita iliweza kufanywa na wanne. Kisha wawili. Regitze hakuwa mkatili, nisimsingizie. Alikuwa na wateja waliotaka kila kitu kwa nusu ya bei kwa sababu na wao walisoma magazeti. Kila alipomwachisha mtu kazi alilia, na machozi yalikuwa ya kweli, na mtu alikuwa ameondoka vilevile.

Novemba ikawa zamu ya Asger. Alikusanya vikombe vyake vichafu kwenye sanduku, akasimama mlangoni jikoni.

"Sasa keki ataleta nani?" akauliza.

"Msaidizi hakosei namna hiyo," Regitze akasema, akijaribu kutabasamu.

"Atakosea, Regitze. Ila hana oveni."

Gunver alicheka kwa sauti kuliko kichekesho chenyewe kilivyostahili. Alikuwa amejua tangu wiki iliyotangulia kwamba mmoja wao atabaki, na alipoambiwa ni yeye, kitu cha kwanza alichohisi kilikuwa furaha. Aibu ilifuata baadaye, ikakaa, lakini furaha ilitangulia. Alimkumbatia Asger, akamwahidi kumtembelea, na hakumtembelea.

Kazi yake sasa ilikuwa kusoma. Msaidizi aliandika msimbo, akaeleza kwa ufupi alichobadilisha, na Gunver akasoma, akabonyeza kitufe cha kijani. Bila kijani, hakuna kinachokwenda kwa manispaa. Zamani walisomana hivyo wao kwa wao, mabadiliko matatu au manne kwa siku, na kila moja lilikuwa na mtu nyuma yake wa kumwita: we bwana, njoo hapa, hiki ni nini? Sasa yalikuja arobaini, hamsini, yote safi, yote yamepangwa vizuri, yote yana adabu. Hakukuwa na wa kumwita.

Alijitahidi. Majira yale ya baridi alisoma mpaka macho yakawasha. Mwezi wa pili Regitze akaja na vikombe viwili vya kahawa, maana yake ni mazungumzo, akakaa karibu naye na kumwambia kwa upole kwamba foleni inarefuka. Wateja wanasubiri. Kuna ofisi nyingine ambazo Msaidizi mmoja huandika na mwingine husoma, na yanakwisha kwa dakika. Yeye hataki kufika huko. Baada ya Pasaka ataamua kama msomaji bado anahitajika.

"Sikulaumu," akasema. "Wewe ni binadamu. Lakini wewe ndiye unayetuchelewesha."

Tangu siku hiyo Gunver aliacha kusoma mistari. Alisoma maelezo ya Msaidizi, akatupa jicho, akabonyeza. Foleni ikafupika. Regitze akamsifu mbele ya mteja, na Gunver alirudi nyumbani kwa baiskeli na upepo usoni, moyo wake mwepesi, kwa sababu nafasi yake ilikuwa bado yake. Ndicho alichokitaka duniani wakati ule, na sioni kama ni kitu kikubwa cha kutaka.

* * *

Jumatatu ya Juma Kuu Msaidizi alileta usafi. Hilo alilifanya mara kwa mara: alipita kwenye msimbo wa zamani akiondoa vilivyorundikana, kama mtu anayefungua makabati baada ya msiba. Maelezo yake yalikuwa mafupi. Alikuwa ameondoa marudio katika sehemu ya ratiba, ameunganisha njia mbili zilizofanya kazi moja, na amefuta maandishi ya kale yasiyohusiana na programu, mfano habari za keki.

Gunver aliliona neno keki. Alitabasamu. Kwa kitambo kidogo alimwona Asger na vidole vyake vya siagi, akasema moyoni kwamba atampigia simu baada ya sikukuu. Nyuma ya badiliko lile yalisubiri mengine thelathini, na Alhamisi ofisi ingefungwa kwa sikukuu. Akabonyeza kijani.

Zile njia mbili zilizofanya kazi moja zilikuwa moja ya siku za kazi na nyingine ya sikukuu. Msaidizi alibakisha ile ya siku za kazi.

Ijumaa Kuu, mzee Evald Thygesen, aliyewahi kuwa fundi wa mabomba, aliletwa nyumbani na gari la wagonjwa. Hospitali ilihitaji vitanda. Alikuwa na miaka themanini na minne, moyo mbovu, mguu mmoja usiomsikia. Waliomleta walimkalisha kwenye kiti chake, wakaweka mfuko wa dawa mezani, wakamwambia mhudumu atafika jioni kama kawaida. Akawaamini, na kwa nini asiamini? Taarifa yake ilikwenda kwenye programu, na programu ikamsubiri karani. Karani alikuwa kwenye kibanda chake. Jumamosi, Jumapili, Jumatatu, zote zilikuwa za Mungu na za familia. Jumanne asubuhi karani alithibitisha, ratiba ikaamka, mhudumu akafungua mlango.

Alimkuta kwenye kiti kilekile. Bado alikuwa amevaa koti.

* * *

Jumatano Regitze alimwita Gunver chumba cha mikutano na kufunga mlango, jambo ambalo hakulifanya kamwe. Alimweleza yote kwa sauti isiyopanda wala kushuka. Kabla hajamaliza, Gunver alikuwa amevua miwani. Hakuhitaji kutafuta chochote kwenye kompyuta. Aliijua ladha ya kosa lile, siagi na sukari ya keki ya Asger.

Regitze alikuwa ameshamwomba Msaidizi achunguze. Msaidizi alichunguza kwa muda wa kunywa maji, akaandika ripoti nzuri sana: tatizo lilitokana na mistari ya zamani isiyo na maelezo ya kutosha, iliyoandikwa na mtu ambaye hayupo tena katika kampuni. Mistari imerudishwa, sasa ina maelezo kamili. Anasikitika kwa usumbufu uliojitokeza.

"Na ni kweli," Regitze akasema. "Aliandika mambo ya keki, Gunver. Keki! Nani angeelewa?"

"Mimi."

Regitze akalisogeza jambo polepole, kama mtu anayevusha glasi iliyojaa. Watu wa manispaa wanakuja Jumatatu. Wataambiwa kuhusu mistari ya zamani. Asger hayupo, hatashtakiwa, jina lake halitatajwa, basi halitamuumiza. Hakuna ulazima wa kuzungumzia kitufe cha kijani. Na kwa msiba kama huu, manispaa watataka kuona kwamba kuna binadamu anayesoma. Nafasi ya Gunver itakuwa salama kuliko wakati wowote.

"Sikuambii useme uongo," Regitze akamaliza. "Nakuambia usiseme."

Gunver alisema sawa. Alilisema bila kupigwa wala kutishwa, akarudi kwenye kiti chake, akasoma mabadiliko kumi na mawili, na safari hii aliyasoma yote, mstari kwa mstari, kana kwamba mzee Thygesen alikuwa amekaa humo akimsubiri.

Lakini hakulala vizuri wala hakula. Jumamosi alinunua chachu, siagi na sukari ya kahawia. Mwenyewe hakuwa amejiamulia kitu. Alijiambia kwamba anaoka tu. Unga uliumuka, akautoboa kwa vidole kama alivyomwona Asger akionyesha siku moja, mashimo ya kushikia siagi. Alikuwa na hasira na Regitze, na Msaidizi, na Asger kwa uvivu wake wa kuandika. Hasira zote zilizunguka jikoni, zikarudi na kutua pale alipotabasamu.

* * *

Jumatatu, Solvej Rask, mkuu wa huduma za wazee wa ile manispaa ya mzee Thygesen, aliingia na mwanasheria kijana mwenye kompyuta ndogo. Solvej alikuwa mama wa makamo mwenye uso wa mtu aliyetoka kuzungumza na wafiwa. Walikaa. Regitze akamimina kahawa. Gunver akaingia na keki, akaiweka katikati ya meza.

"Gunver," Regitze akasema kwa sauti ndogo. "Si leo."

"Hapa ofisini tuna desturi," Gunver akawaambia wageni. Hakukaa. "Mtu akikosea, analeta keki, anasimama, anasimulia. Si mzaha. Samahani kama inaonekana mzaha."

Akasimulia. Alianza na bibi wa Pentekoste na jirani mwenye ufunguo. Akaeleza mistari kumi na miwili ni ya nini, na kwa nini Asger aliandika vile, na kwamba yeye alikuwepo, alisikia kila neno. Akasema mashine ilimwambia wazi inafuta nini, na yeye akaona, akatabasamu, akabonyeza. Mzee Thygesen alikufa kwa sababu mtu pekee aliyebaki anayejua hakusoma. Sauti yake haikutetemeka. Alidhani kwamba akimaliza atajisikia kama siku zote: mwepesi, ametaniwa, amesamehewa.

Hakuna aliyegusa kisu. Solvej alikuwa anaitazama ile keki kwa uso ambao Gunver asingeusahau.

"Nielewe vizuri," akasema hatimaye. "Mashine ilitangaza inachofanya. Na mtu akaidhinisha bila kusoma."

"Ndiyo. Yalikuja hamsini kwa siku, lakini ndiyo."

"Hamsini," Solvej akarudia. Akamgeukia mwanasheria. "Basi ni kosa la binadamu."

Mwanasheria akaandika. Gunver aliona Regitze akiinua kichwa, na kwenye macho yake, katikati ya hofu yote, akaona ahueni ikiingia.

Yaliyofuata yalikwenda haraka, na kila mtu alikuwa mpole. Manispaa hawakuvunja mkataba. Walitaka tu uhakikisho kwamba jambo hili halitarudi, kwamba usalama wa wazee hautategemea tena macho ya mtu mmoja aliyechoka. Regitze akapendekeza Msaidizi wa pili, wa kumsoma wa kwanza. Hachoki, hatabasamu. Solvej aliona ni busara. Ukiniuliza, aliyeisema kweli ndiye aliyewapa kamba, nao wakaitumia kumfunga, na hakuna hata mmoja mezani pale aliyekuwa mtu mbaya. Saa tisa Regitze alilia, akamkumbatia, na Gunver alikuwa na sanduku mikononi na keki nzima juu yake.

* * *

Asger alikuwa anafanya kazi kwenye duka la baiskeli la shemeji yake, kule Vejgaard, upande wa pili wa ghuba. Alimwona Gunver kupitia kioo, akafungua mlango kwa kiwiko kwa sababu mikono ilikuwa na grisi.

"Hee, nani huyu! Nilidhani daraja limekatika, watu wa Nørresundby hamvuki tena." Akaiona keki, akacheka kwa ile sauti yake ya kuimba. "Na kuiba mapishi ya watu pia. Ngoja ninawe."

Alinawa, akaondoa minyororo ya baiskeli kwenye meza ya nyuma, akatafuta kisu, akakifuta kwenye aproni. Alikuwa amenenepa kidogo. Akainama kunusa ile siagi, akaweka ncha ya kisu kwenye keki, halafu akakumbuka, akakiinua.

"Haya, simama vizuri. Sheria ni sheria. Umevunja nini?"

Gunver akasimulia kwa mara ya pili siku ile. Safari hii sauti ilimkatika alipofika kwenye koti. Asger alisikiliza akiwa bado ameshika kisu. Mahali fulani katikati ya hadithi alikiweka mezani, taratibu, akakisukuma mbali naye. Alipoelezwa habari ya ripoti na lile jina lake ambalo lisingetajwa, hakuonyesha hata kusikia. Mteja aliingia mbele ya duka, akasubiri, akaondoka.

"Nilisimama pale jikoni," Asger akasema. "Nikawasimulia wote."

"Najua."

"Ulikula vipande viwili, Gunver."

Hakulisema kwa ukali. Alikaa kwenye kiti cha fundi, akafuta mikono ambayo ilikuwa tayari safi, akaendelea kuifuta. Gunver alivaa glavu zake, akatoka, akaiacha keki mezani, bado nzima, na kisu pembeni yake.